Haijanyesha si Haikunyesha

Dodoma, Jumapili, saa 2 usiku

Madaftari ya kugeuza wakati kwenye hadithi za njozi huwa ya ngozi nyeusi, na kufuli la fedha juu yake. Mimi napendelea kaunta buku la kwaya tatu, lile la jalada gumu ambalo karani hubeba kwapani (kwaya ya daftari, yaani fungu la karatasi, si ya kanisani). Sababu ni hesabu. Kwaya tatu ni kurasa 288. Kila ukurasa ukiupa dakika 5 unapata dakika 1,440, siku nzima, bila salio. Ila yapo yanayouzwa yakiwa pungufu, kwa hiyo hesabu kurasa kabla hujamkabidhi mhusika wako uchawi.

Ukurasa wa kwanza uanze saa 12 jioni. Kwetu usiku ndio hutangulia mchana, ndiyo maana tunasema usiku wa kuamkia Ijumaa. Ukianzia hapo, saa ya Kiswahili inajisoma yenyewe: ukurasa wa 113 una kurasa 112 nyuma yake, mara 5 ni dakika 560, yaani saa 9 na dakika 20 usiku. Hujumlishi sita wala hutoi. Ukimaliza wa 144 kumekucha, unahesabu upya.

Tatizo ni saa ya simu. Saa ya Tanzania imepangwa kwa longitudo ya digrii 45 mashariki, na Dodoma iko karibu na 35.7. Digrii moja ni dakika 4, hivyo jua la hapa liko nyuma ya saa ya ukutani kwa dakika 37 hivi, kwa wastani wa mwaka. Kama daftari linafuata jua (na la kichawi lifuate nini kingine?), mtunzaji wa daftari anayechungulia simu ataandika kurasa saba mbele ya pale panapotakiwa. Atagusa usingizi wa mtu mwingine kabisa.

Uchawi wenyewe nauweka kwenye kitenzi. Chukua mstari huu: “Mvua haijanyesha.” Hapo pana mlango. Ile -ja- inasema bado, kwa hiyo mtunzaji akiandika chini yake “Mvua imenyesha”, mawingu yanatanda juu ya Chamwino na uwele uliopandwa Desemba unapata maji. Lakini akiwa na usingizi akaandika “Mvua haikunyesha”, basi. Kwenye -ku- hakuna bado. Na Ugogo, nchi ya Wagogo hapa Dodoma, mvua ina msimu mmoja tu, takriban Desemba hadi Aprili. Silabi hiyo moja ni ghala la mwaka mzima.

Vivyo hivyo -me- na -li-. “Korongo limejaa” maana yake maji bado yapo na hakuna wa kuvuka. Likiandikwa “lilijaa”, maji yamekwisha kushuka, umebaki mchanga mbichi na nyayo za mbuzi. Hu- ningeipiga marufuku, kwa sababu haina wakati: aliyeandika “mvua hunyesha” amenyeshea kurasa zote 288 kwa mpigo. Ama -ngali-, hiyo haina madhara. Daftari linaipokea, haligeuzi kitu, aliyeandika anabaki na majuto yake.

Sasa, dakika za nyongeza zinatoka wapi? Hapa ndipo hadithi nyingi zinapolegea, mhusika anapewa muda wa bure kama maji ya mtungini. Leja haikubali hivyo. Piga mstari wa wima katikati ya ukurasa: kushoto zilizotoka, kulia zilizoingia, na pande mbili zilingane. Aliyechota dakika 5 za alfajiri ataje zimetolewa ukurasa upi. Akikosea asifute, apige mstari mmoja, neno liendelee kusomeka, aweke sahihi pembeni, kama afanyavyo mtunza fedha. Dakika iliyofutwa kabisa haina ushahidi kwamba iliwahi kuwapo, na wenyewe hawawezi kuidai.

Safu ya tarehe nayo ina mitego yake. Mzee wa Kigogo anaweza asikutajie 1919, akakutajia Mtunya, ile njaa kubwa ya kati ya 1917 na 1920. Daftari lazima lielewe majina ya namna hiyo. Lakini mhusika anayetaka kuigeuza Mtunya yenyewe ningemwonyesha hesabu kwanza: daftari moja ni siku moja, miaka mitatu ni madaftari 1,095, na kila dakika iliyoingia kulia sharti itoke kwa mtu fulani upande wa kushoto. Riwaya nzima iko hapo, kama kuna wa kuiandika.

La mwisho ni mchwa. Daftari lisilazwe kwenye sakafu ya udongo ya tembe, hata usiku mmoja. Liwekwe kwenye sanduku la bati, sanduku juu ya mawe matatu, na majivu yamwagwe kuzunguka kila jiwe. Mchwa hawachagui, na shida yao kubwa iko kwenye -ka-, kwa kuwa -ka- huegemea -li- iliyotangulia. Wakila ukurasa wa 112, ule wa 113 unaofuata utaanza hivi: “akafungua mlango.” Nani, lini, hakuna ajuaye, na mlango uko wazi saa 9 na dakika 20 usiku.