Mwana wa Mshona Matanga na Nyimbo 305

Jioni ya leo nimezirudia juzuu za Francis James Child, msomi wa Marekani aliyekusanya nyimbo 305 za masimulizi za Uingereza na Uskoti, nikakwama kwenye wimbo namba 10, unaosimulia dada anayemsukuma mdogo wake majini kwa wivu wa mchumba. Child aliuchapisha katika matoleo zaidi ya ishirini, kila moja na herufi yake: katika baadhi, mfupa wa kidari cha marehemu unafanywa fidla, katika mengine kinubi, na mara nyingi chombo hicho ndicho kinachomtaja muuaji. Toleo aliloliona dhaifu alisema wazi kuwa ni dhaifu, lakini alilichapisha vilevile.

Alizaliwa Boston mwaka 1825, mtoto wa mshona matanga mwenye kipato kidogo. Kipaji chake ndicho kilichomfikisha Harvard, alikohitimu mwaka 1846. Baada ya kusomea filolojia, yaani elimu ya lugha na maandishi ya kale, huko Ujerumani, alirudi mwaka 1851 akapewa uprofesa wa balagha akiwa na miaka 26, na kwa miaka 25 iliyofuata sehemu kubwa ya nguvu zake iliishia katika kusahihisha insha za wanafunzi. Huumia kila ninapozifikiria saa hizo. Mwaka 1876, Chuo Kikuu cha Johns Hopkins kilipomtaka, ndipo Harvard ilipomtua mzigo ule na kumfanya profesa wake wa kwanza wa Kiingereza.

Mkusanyiko wake wa awali, wa juzuu nane, ulianza kutoka mwaka 1857, nao ulitegemea mno vitabu vya wahariri waliomtangulia. Mmoja wao, Thomas Percy, alikuwa na muswada wa kale uliochakaa, na alipotoa kitabu chake mwaka 1765 aliziba mapengo kwa beti alizozitunga mwenyewe. Child hakutulia mpaka muswada wenyewe ulipochapishwa, kati ya 1867 na 1868. Svend Grundtvig, mhariri wa nyimbo za aina hiyo za Denmark, naye alimsaidia kwa barua, akimshikilia kwenye kanuni ya kutoa kila toleo kama lilivyopatikana. Kazi kuu, yenye nyimbo zote 305, ilianza kutoka mwaka 1882. Child alifariki mwaka 1896 bila kuandika utangulizi wake, na mwanafunzi wake, George Lyman Kittredge, akatoa sehemu ya mwisho mwaka 1898.

Jambo moja simfuati: aliona kuwa uhai wa nyimbo hizo umekwisha, akaamini miswada kuliko vinywa, ilhali Cecil Sharp na Maud Karpeles, wakusanyaji wa nyimbo za jadi kutoka Uingereza, walizikuta zikiimbwa katika milima ya Appalachia, Marekani, kati ya 1916 na 1918.

Nami nina deni langu. Bibi yangu aliniimbia wimbo mmoja mara mbili, katika miaka tofauti, na maneno hayakulingana. Nikadhani mara ya pili amesahau, nikaifuta rekodi ile. Usiku huu nimeketi na daftari, nikaandika kila mstari ninaoukumbuka wa uimbaji huo uliofutwa, na pale kumbukumbu iliponitupa nimeacha nafasi tupu. Juu ya ukurasa nimeweka herufi B.