Pipi za peremende, mwiko ukiwa mbali

Mara mbili pipi zangu zilirudi kuwa sukari. Nilimimina shira kwenye sinia ikiwa angavu kama kioo, mara ikapauka na kuwa chengachenga. Vikombe vinne vya sukari vikaishia kwenye chai.

Kosa lilikuwa mkono wangu. Nimezoea kusonga ugali, mwiko hautulii. Shira haitaki hivyo: ukikoroga ikishaanza kuchemka, au ukiacha chembe zilizoganda pembeni mwa sufuria, chembe hizo zinavuta nyingine na yote inaganda. Mara ya tatu nilikoroga mpaka sukari ikayeyuka, nikafuta kingo kwa kitambaa kibichi, mwiko nikauweka mbali.

Tena kulikuwa na asali. Hapa Tabora haikosekani nyumbani, na mama mkwe ndiye aliyesema, "Mwanangu, tia kijiko kimoja." Nikatia kimoja cha chakula kwenye vikombe 2 vya sukari na nusu kikombe cha maji. Asali ina sukari za aina nyingine, nazo huizuia ya dukani isishikane. Usizidishe, maana huwahi kuungua na pipi hunata.

Kipimajoto sina. Nilidondosha tone kwenye bakuli la maji baridi, likavutika. Nikangoja. Tone la nne nililitoa likiwa gumu, nikalikunja kwa vidole, likavunjika ko! Niliepua hapohapo, kwani kutoka hapo hadi kuungua ni kufumba na kufumbua. Mapovu yalipotulia nikatia robo kijiko cha chai cha mafuta ya peremende, yale ya kula, si ya kuchua. Ukiyatia sufuria ikiwa bado motoni, harufu inaondoka na mvuke. Weka uso pembeni, yanachoma macho.

Sehemu niipendayo ni kuvuta. Shira ilipopoa kiasi cha kushikika, nilipaka viganja mafuta ya kula, nikavuta, nikakunja, nikavuta tena. Hewa ikaingia, ule ukahawia ukafifia mpaka ukawa rangi ya krimu, unang'aa kama hariri. Nikakata kwa mkasi upesi kabla haijakakamaa.

Hizo nilizipika Agosti, kiangazi. Za Desemba, mvua zikinyesha, zilinata kabla ya jioni. Sasa kila pipi naifunga kwenye kikaratasi chake, zote zinaingia kwenye kopo la maziwa ya unga lenye kifuniko kinachobana.