Chemchemi zangu zilipoingia ziwani

Kitabu nilikipata kwa shilingi 15,000 karibu na Makoroboi, Mwanza mjini, kwenye rundo la vitabu vya uhasibu na Biblia za mitumba. Jalada lilikuwa limewahi kuloa likakauka limejikunja. Mwenyewe wa kwanza alipigia mistari kwa kalamu ya kijani mpaka ukurasa wa 41, halafu basi. Nadhani hapo ndipo alipokata tamaa. Kilihusu QGIS, programu ya bure ya kuchora ramani kwenye kompyuta, nami nilikuwa nimeshatoa ahadi juu ya kitu nisichokijua.

Ahadi yenyewe ilikuwa hivi. Jumuiya ya watumia maji ya kata moja ya mwambao huko Magu, upande wa Ghuba ya Speke ya Ziwa Victoria, ilitaka ramani ya visima vyote vya pampu na chemchemi zote, hata zile za zamani ambazo vijana hawazijui. Mimi ni mtu wa kompyuta kwa maana ya kule kwetu: nachapa barua, natoa kopi, nagombana na printa. Mwenyekiti aliponiuliza, "Ramani nazo unaziweza?" nikajibu naziweza. Ulimi hauna mfupa.

Wiki ya kwanza kitabu kilinitesa. Kiliandikwa enzi za toleo la 2 la QGIS, na kwenye laptopu yangu nilikuwa nimeshusha toleo la 3. Kinaniambia fungua Composer upange ramani ya kuchapa. Natafuta Composer menyu zote, haipo. Siku ya tatu nikagundua siku hizi inaitwa Layout. Kinaniambia weka tiki kwenye kisanduku cha kulinganisha matabaka ya ramani yenye mifumo tofauti ya koodineti, yaani namba zinazoonyesha mahali. Kisanduku hakuna. Kwenye toleo la 3 kazi hiyo inafanyika yenyewe, huulizwi. Nilianza kuandika majina mapya kwa penseli pembeni mwa kila ukurasa, mpaka kitabu kikawa na waandishi wawili.

Sura moja nilikuwa nimeiruka. Ilizungumzia umbo la dunia, ilijaa Kigiriki cha hesabu, na haikuwa na kitufe hata kimoja cha kubofya. Nikasema hii ni ya wanachuo.

Makosa madogo sitayasimulia yote. Nilibeba ramani kwenye flashi kwenda kuichapa mjini, nikakopi faili moja tu lenye jina nililolitambua. Kumbe shapefile, muundo niliokuwa nahifadhia ramani, ni familia, faili la michoro bila ndugu zake wanaobeba majina na koodineti halifai kitu. Nauli ya hiace kwenda na kurudi ikaenda bure. Pia kwenye jedwali la ramani nilikuwa na safu niliyoiita JINA_CHANZO, ikawa inarudi JINA_CHANZ kila nikiihifadhi. Nikadhani laptopu ina virusi. Kumbe muundo ule haupokei jina la safu lenye zaidi ya herufi 10.

Visima vya pampu vilikuwa rahisi. Nilizunguka na bodaboda siku nne, nasimama kando ya kila pampu na simu mkononi, nasubiri isome setilaiti, naandika na kwenye daftari kwa tahadhari. Kazi ilikuwa chemchemi za zamani. Hapo nikaelekezwa kwa mzee mmoja, mpima ardhi mstaafu, ambaye alikuwa na karatasi ya ramani ya 1:50,000 ya eneo letu, imekunjwa mara nane na kubandikwa gundi ya karatasi kwenye mikunjo. Chemchemi zilikuwemo, hata za bondeni ambazo siku hizi ni mashamba ya mpunga. Alinikabidhi kwa masharti ya kuirudisha Ijumaa.

"Ng'wanawane," akaniambia, yaani mwanangu kwa Kisukuma, "kabla hujasoma katikati, soma pembeni."

Nikaitikia, kama tunavyowaitikia wazee.

Niliiskani kwenye steshenari moja mjini, vipande viwili. Halafu nikaipa koodineti zake ndani ya QGIS: unabofya mahali mistari ya gridi inapokutana, unaandika namba zilizochapwa ukingoni. Namba hizo ni mita. Upande wa mashariki zinahesabiwa kutoka longitudo ya 33, ambayo inapita mashariki kidogo tu ya jiji la Mwanza na imepewa thamani ya 500,000. Ndiyo maana Mwanza mjini ziko chini ya hapo, na Magu zinazidi. Upande wa kaskazini ikweta imepewa 10,000,000 ili sisi wa kusini tusiwe na namba hasi, kwa hiyo za kwetu zinaanza na 97. Programu ikaniuliza mfumo gani. Simu inatumia WGS 84, mfumo wa setilaiti, nikachagua WGS 84, kanda ya 36 kusini, ndiyo kanda yetu. Nikabofya sawa.

Nikaweka picha ya setilaiti chini yake. Chemchemi tano za ufukweni zikawa zimekaa ndani ya maji.

Hapa nijisifu kidogo kwa upumbavu wangu, maana jibu lilinijia haraka na lilikuwa na akili: ziwa limepanda. Mwaka 2020 kila mtu wa mwambao aliona. Maji yalifikia kimo ambacho hakikuwahi kurekodiwa, yakapita hata rekodi ya 1964, na mialo mingi ikamezwa. Basi ziwa limekula chemchemi. Nilikwisha kuanza kuandika maelezo ya kuwapa wanajumuiya.

Kilichoniumbua ni barabara. Barabara ya kwenda Musoma kwenye karatasi ya mzee ilikuwa imesogea kaskazini kutoka barabara ya kwenye picha. Nikasema labda waliijenga upya. Lakini na kilima cha mawe nacho kilikuwa kimesogea, upande uleule, umbali uleule. Ziwa linapanda, barabara inahamishwa, ila mawe ya Usukumani hayaogelei. Nikapima: mita 300 hivi kwenda kaskazini, na nyingine 80 hivi kwenda magharibi. Kwenye karatasi mita 300 ni milimita 6, upana wa kidole cha mtoto.

Nikarudi kwenye sura niliyoiruka. Sikuielewa. Hapo ndipo nilipopata kitabu cha pili, cha bure, A Gentle Introduction to GIS, kilichoandaliwa Afrika Kusini mwaka 2009 kwa ajili ya walimu na wanafunzi. Nilikishusha kwenye simu nikakisoma ndani ya hiace, goti la abiria likiwa mbavuni. Kile cha kwanza kilikuwa kinajua mengi kuliko hiki, lakini hiki kilijua kwamba msomaji wake hajui. Kati ya Kisesa na Magu mjini nikawa nimeelewa.

Kwa maneno yangu ni hivi. Koodineti ni kama saa. Mtu akikwambia njoo saa mbili, lazima ujue ni saa mbili ya Kiswahili au ya Kizungu, la sivyo mtakosana kwa saa sita na kila mmoja ataapa kwamba aliwahi. Ramani zetu za zamani zimepimwa kwa saa yake, inayoitwa Arc 1960. Imejengwa juu ya umbo la dunia lililokokotolewa na Mwingereza Clarke mwaka 1880, na mnyororo wa vipimo uliofuata longitudo ya 30 kutoka Afrika Kusini kupanda juu, kazi iliyopendekezwa mwaka 1879 na kukamilika 1954. Simu inatumia saa ya setilaiti. Namba zilezile, mahali tofauti.

Nikafungua karatasi ya mzee, nikasoma pembeni. Maandishi madogo, chini ya kipimio: Arc 1960. Clarke 1880. Yalikuwepo muda wote.

Nilirudia kazi yote usiku ule, umeme ulipokatika nikamalizia na betri iliyokuwa imebaki robo. Badala ya msimbo 32736, ule wa WGS 84, nikachagua 21036, ambao ni Arc 1960 kwa kanda yetu. Kilima kikarudi mahali pake. Barabara ikakaa juu ya barabara. Chemchemi nne zikapanda nchi kavu.

Ya tano ikabaki majini.

Nilibofya upya pembe zote za gridi. Nikahesabu tena. Bado imo majini, hatua chache kutoka ufukweni. Asubuhi nikapanda bodaboda nikaenda na simu mpaka mahali penyewe, nikakuta matete na mtumbwi umefungwa. Pembeni mama mmoja mtu mzima alikuwa anaanika dagaa.

"Mwangaluka, mayu. Hapa kuliwahi kuwa na chemchemi?"

Akanitazama, akanyoosha mkono wenye magamba kuelekea majini, pale pale simu ilipokuwa inaonyesha.

"Ile? Tulichota hapo mpaka ziwa lilipopanda, mwanangu. Siku hizi wanachota sato."

Karatasi ya mzee niliirudisha Jumatatu, siku tatu nje ya ahadi, hakusema kitu. Ramani imebandikwa ofisini kwa jumuiya, karatasi ya A3. Nukta ya tano nimeiacha majini, kwa rangi ya kijivu. Mwenyekiti kila akija mgeni anaionyesha kwa kidole, anasema kijana alikosea hapo.