Tulivyochora alama za Wi-Fi kwa chaki mitaa ya London

Mwaka 2002 nilikuwa mwanafunzi London, nikiishi chumba kimoja na kijana wa Mombasa karibu na Whitechapel. Intaneti nyumbani hatukuwa nayo. Barua pepe za dada yangu aliyekuwa Tanga nilizisomea maktaba ya chuo, na maktaba ikishafungwa, basi ndiyo mpaka kesho.

Juni mwaka huo Matt Jones, mbunifu wa hapohapo London, akasambaza alama tatu za kuchora kwa chaki mahali panaponasa mtandao usio na waya. Nusu duara mbili zilizopeana mgongo: mtandao uko wazi. Duara kamili: umefungwa. Duara lenye W ndani: unalindwa kwa WEP, njia ya siku zile ya kufunga Wi-Fi kwa nenosiri, lazima uwe na ufunguo. Juu ya alama unaandika jina la mtandao, chini yake kasi. Wazo lilitokana na alama walizoachiana ukutani vibarua wa Marekani waliotangatanga kutafuta kazi enzi za mdororo wa uchumi: hapa utapewa chakula, pale pana mbwa mkali. Nililipenda papo hapo. Aliyetangulia anamwachia habari mtu asiyemjua.

Nikanunua laptopu iliyokwishatumika na kadi ya Wi-Fi ya kuchomeka ubavuni, nikaweka NetStumbler, programu ya kuonyesha mitandao ya Wi-Fi iliyo karibu. Jioni ya kwanza tulitembea polepole, mitandao ikijipanga kwenye skrini: kijani mawimbi yana nguvu, nyekundu hafifu, kikufuli kwa iliyofungwa. Mingi ilikuwa na jina la kiwandani, "linksys" au "default". Nikatoa chaki. Mwenzangu akanishika mkono.

"Ndugu yangu, mwenyewe hajui hata kama mlango wake uko wazi. Kisima cha mtu utachota bila hodi?"

Alisema kweli. Jina la kiwandani lilionyesha kwamba mtu ametoa ruta, kile kifaa kinachorusha Wi-Fi, kwenye boksi akaichomeka, hajamkaribisha yeyote. Tangu jioni ile hatukuchora mpaka mwenyewe akubali. Wengi walikataa. Wawili walitushukuru kwa kuwaambia, wakafunga mitandao yao siku ileile, na hiyo nayo kwangu ilikuwa kazi njema.

Wa kwanza kukubali alikuwa mzee wa Kibangladeshi mwenye mgahawa wa chai. Aliuliza jambo moja tu: watu watasimama nje, au wataingia wanywe chai? Tukamwambia wa aina zote mbili watakuwepo. Akasema wa nje nao siku ya baridi wataingia.

Kazi kubwa ilikuwa kujua pa kuchora. Nilidhani mlangoni. Lakini ruta ilikaa nyuma ya kaunta, ubavuni mwa friji kubwa la chuma, na mlangoni mawimbi yalikatika kabisa. Hatua kumi na mbili kushoto, mbele ya dirisha, yakawa kijani. Tukachora pale, usawa wa goti, chini ya turubai. Chini ya alama tuliandika 512, kasi ya laini yake ya simu kwa kilobiti kwa sekunde. Boksi la ruta liliandikwa megabiti 11, lakini hiyo ni kasi ya hewani tu, kati ya laptopu na ruta. Barua ya kutoka Tanga inapita kwenye zile 512.

Mvua ya London ikija na upepo haijali turubai. Kila Jumamosi tulizunguka kukoleza chaki iliyofifia na kufuta alama za mitandao iliyozimwa, kwa sababu alama ya uongo inamsimamisha mtu baridini bure.

Jumamosi moja tukakuta mzee ameshachora mwenyewe, kwa uangalifu mkubwa, ila nusu duara zinatazamana. Zimefanya duara kamili. Mgahawa wake uko wazi na ukuta wake unasema umefungwa.

Tukachukua kadibodi ya boksi la majani ya chai, tukakata umbo la alama kwa kisu cha jikoni, kukabaki matundu mawili yaliyopeana mgongo. Akawa anaibandika ukutani kwa kiganja na kupaka chaki juu yake. Mvua ikikatika, yeye mwenyewe ndiye anayetoka. Kadibodi aliitundika msumarini nyuma ya kaunta, karibu na ruta.