Nilivyomtetea baba katika kesi ya Hadiya

Kwenye mashindano ya mahakama ya kuigiza tulipewa kesi ya Hadiya kutoka India, na kura ikaniangukia upande usiotakiwa na mtu: wakili wa baba. Wenzangu walinipa pole mapema.

Kwa asiyeijua, Hadiya ni binti wa Kerala aliyezaliwa katika familia ya Kihindu, akasilimu akiwa mtu mzima anayesomea tiba ya homeopathia. Baba yake akafungua maombi ya habeas corpus, yaani ya kuiomba mahakama iamuru mtu anayedaiwa kushikiliwa aletwe mbele yake. Yakatupwa Januari 2016, mahakama iliporidhika kwamba hakuna aliyemshikilia. Agosti akarudi tena, sasa akihofia binti atapelekwa Syria. Shauri likiwa bado linaendelea, Desemba binti akaolewa na Mwislamu. Mei 2017 Mahakama Kuu ya Kerala ikaibatilisha ndoa hiyo na kumrudisha binti kwa wazazi.

Jambo la kwanza nililofanya ni kuiacha ndoa kabisa. Maombi ya habeas corpus yana swali moja: huyu mtu yuko wapi, na je, amezuiwa isivyo halali? Akifika mbele ya jaji, ana akili timamu na umri wake umetimia, akasema yupo kwa hiari yake, shauri limekwisha. Kuvunja ndoa humo humo hakuna pa kushika, na Mahakama ya Juu ilisema hivyo hivyo ilipoirudisha ndoa tarehe 8 Machi 2018. Nikaacha pia ile hoja ya mahakama kusimama mahali pa mzazi, maana hiyo ni ya watoto na wasio na uwezo wa kujiamulia. Mahakama Kuu iliandika kwamba msichana wa miaka 24 ni dhaifu na rahisi kutumiwa vibaya. Sentensi hiyo nisingethubutu kuisoma mbele ya jopo lenye majaji wawili wanawake.

Nikabaki na hofu ya baba, na baba mwenye hofu si mhalifu. Hilo nalisimamia hadi leo. Nikaomba kitu kimoja: binti aletwe, asikilizwe yeye mwenyewe, baba na mume wakiwa nje.

Jaji wa katikati akavua miwani. "Wakili, kuanzia Mei 2017 binti alikuwa nyumbani kwa baba yake. Novemba 27 alisimama mbele ya Mahakama ya Juu akaomba uhuru wake, akaruhusiwa kurudi masomoni Salem. Katika miezi hiyo, kwa hoja yako mwenyewe, nani angestahili kuleta maombi haya, na dhidi ya nani?"

"Mume, Mheshimiwa Jaji. Dhidi ya mteja wangu."

Ukumbi ukaangua kicheko. Nikasubiri kitulie, nikasema ndiyo maana ombi langu linawahusu wote wawili, baba na mume. Kesi tulishindwa, ila alama za hoja tuliwapita walioshinda.