Siku moja ya kutembeza wageni Ujiji: toka stesheni ya Kigoma mpaka ufukweni

Saa 11:30 alfajiri

Kabla ya chai kuna mambo matatu ya kuangalia: mwezi, mawingu na siku ya juma. Mwezi ukiwa mpevu, wavuvi wa dagaa hawaingii ziwani, maana dagaa hufuata mwanga wa taa, na mbalamwezi inapong'aa taa haivuti kitu. Asubuhi yake ufukwe umelala. Mvua ikiwa imenyesha usiku, vichochoro vya udongo vinateleza kama sabuni, kwa hiyo njia inabadilishwa. Siku ya Ijumaa matembezi yote yawe yamekwisha kabla ya saa sita, kwani Ujiji ni mji wa Waislamu, na kupitisha kundi la watu wenye kamera mbele ya msikiti watu wakienda Ijumaa ni kukosa adabu.

Angalia na kalenda ya uvuvi. Mwaka 2024 uvuvi ulisimamishwa Ziwa Tanganyika kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti, na aliyekuwa amewaahidi wageni migebuka mibichi alijikuta hana la kuonyesha. Siku hizi usiahidi samaki kabla ya kuuliza.

Kisha simu mbili. Ya kwanza kwa mhudumu wa makumbusho, kuhakikisha mlango utafunguliwa na kuna mtu wa kupokea malipo. Ya pili kwa fundi mmoja wa mitumbwi, kumuuliza kama leo wapo kazini.

Saa 1:00 asubuhi

Huku jua huchelewa. Tunatumia saa moja na Dar es Salaam, lakini Kigoma iko mbali magharibi, na jua linachomoza dakika 40 hivi baada ya la Dar. Utosini linafika saa saba, si saa sita. Joto kali basi ni la saa nane na saa tisa, na ndiyo sababu ratiba yangu inaanzia saa mbili na kuishia saa saba na nusu. Mgeni anayeomba tuanze saa nne "apate kulala kidogo" anaomba kutembea juani bila kujua.

Mkobani: maji lita moja na nusu kwa kila mtu, kanga mbili za kuazima kwa aliyekuja na kaptula, plasta, ramani ya njia ya misafara iliyofungwa kwenye nailoni, na chenji. Chenji ni muhimu kuliko ramani. Weka elfu ishirini za noti za elfu moja, za elfu mbili na sarafu za mia tano. Ukiwa na watu sita wenye noti za elfu kumi, kila kituo kitakula robo saa, na mama wa kahawa hana pa kuzivunja.

Malipo yangu ni ya kundi, si ya kichwa: elfu sitini kwa matembezi yote. Wawili wanalipa elfu thelathini kila mmoja, sita wanalipa elfu kumi kumi. Kwa anayetaka unafuu siri ndiyo hiyo, tafuta wenzako. Mwisho ni watu wanane. Wakizidi hapo sauti haiwafikii wa nyuma, na wazee waliokaa barazani wanaona wamevamiwa.

Saa 2:00 asubuhi

Tunakutana mbele ya stesheni ya reli, Kigoma mjini. Hakuna dereva wa bodaboda asiyeijua. Reli ya Kati ya Wajerumani ilifika hapa mwaka 1914, ikitokea Dar es Salaam, na jengo la stesheni ni la zama hizo. Picha za jengo, uliza kwanza. Bandarini usijaribu kabisa.

Hapa nazungumza dakika kumi, kwa sababu mkasa wa Ujiji unaanzia hapa. Kwa miongo mingi mji mkubwa ulikuwa Ujiji, Kigoma ikiwa ghuba tu. Ila ghuba hii ina kina na imekingwa na upepo, wakati pwani ya Ujiji ni wazi na ina maji haba. Meli kubwa ilihitaji kina, reli ikafuata meli, na biashara ikafuata reli. Meli ya Graf von Goetzen iliundwa Papenburg, Ujerumani, ikafunguliwa vipande, ikaletwa ndani ya makasha na kuunganishwa upya hapa Kigoma. Ilishuka majini mwaka 1915, ikazamishwa na Wajerumani wenyewe Julai 1916, Waingereza wakaiopoa mwaka 1924, na tangu mwaka 1927 inaitwa Liemba.

Saa 2:25 asubuhi

Daladala. Chagua yenye kibao cha Ujiji, inayopita mtaa wa Mwanga. Kaeni pamoja nyuma, nauli akusanye mtu mmoja na kumpa konda kwa mkupuo, la sivyo konda atahesabu vichwa mara tatu. Mabegi makubwa yaacheni nyumba ya wageni, maana begi likikalia kiti linalipiwa kiti. Bajaji inafika haraka zaidi, lakini watu wanane ni bajaji tatu, na unafuu wote umekwisha hapo.

Saa 3:00 asubuhi

Tukishuka, la kwanza ni salamu. Wageni nawafundisha mbili tu: "shikamoo" kwa yeyote mwenye umri wa mzazi wako, na "hodi" kabla ya kukanyaga baraza ya mtu. Naanza mimi: "Shikamoo mzee, nina wageni, tunapita." Mzee akijibu "Marahaba, karibuni," mtaa mzima umeshajua sisi ni nani. Ukipita kimya, hatua hamsini mbele utakuta mtu anauliza mnapiga picha za nini. Ofisi ya serikali ya mtaa nayo iwe na taarifa mapema, na leseni ya kuongoza watalii ikae mfukoni.

Tunatembea taratibu kati ya nyumba za matofali ya udongo zenye paa za bati na baraza mbele, na miembe mikongwe inayosimuliwa kuwa ilifuata njia ya misafara. Hapa ndipo panapotaka maneno mengi, na ndipo viongozi wengi wanapopakimbia ili wawahi makumbusho ya Livingstone, yule mmisionari na mpelelezi kutoka Uskoti.

Nawaambia wageni waitazame barabara wanayoikanyaga. Msafara uliotoka hapa ulikwenda kwa miguu hadi Tabora, kisha Bagamoyo, zaidi ya kilomita elfu moja, miezi kadhaa njiani. Mzigo wa mpagazi ulikuwa frasila mbili hivi, kilo 32, begani au kichwani, na wengi wa wapagazi walikuwa Wanyamwezi waliolipwa ujira. Pamoja nao walipita watu waliofungwa, walionaswa ng'ambo ya ziwa, Umanyema, na kuvushwa kwa mitumbwi. Biashara hiyo ilisimamiwa na Waarabu na Waswahili wa hapa, na majina yao yatajwe: Mwinyi Kheri, aliyekuwa mkubwa wa mji, na baada yake Mohammed bin Khalfan aliyeitwa Rumaliza. Wageni wengine wanataka simulizi ya mtutu wa mzungu peke yake, wengine ya Mwarabu peke yake. Mimi siipunguzi upande wowote, ila sauti naishusha, kwa sababu wajukuu wa pande zote mbili, wa waliouza na wa waliouzwa, wamekaa kwenye baraza hizi hizi na wanasikia.

Sokoni nawatolea habari ya shanga. Cameron, Mwingereza aliyefika Ujiji Februari 1874, alieleza shanga zilizoitwa sofi, zilizofanana na vipande vya mrija wa kiko, ambazo ndizo zilikuwa pesa ya soko hili. Asubuhi walikaa watu wenye mikoba iliyojaa sofi, wakiwabadilishia wanunuzi kwa shanga za aina nyingine. Soko likifungwa, walizinunua tena sofi kutoka kwa wauzaji. Walipata faida asubuhi na jioni. Kwa hiyo tatizo la chenji Ujiji lina umri wake.

Saa 4:00 asubuhi

Makumbusho ya Livingstone. Kiingilio cha Mtanzania na cha mgeni wa nje ni tofauti, kwa hiyo kila mtu aje na kitambulisho. Lipieni dirishani na mchukue risiti. Mtu akikufuata njiani na kudai "ada ya eneo", mwambie akupeleke dirishani.

Ndani tunatumia dakika arobaini, na nusu yake ni ya kusahihisha. Mwembe wa leo sio ule ambao mwandishi wa habari Stanley, aliyetumwa kumtafuta Livingstone, alikutana naye chini yake mwaka 1871: wa kwanza ulikufa, na iliyopo inaelezwa kuwa ni vizazi vyake. Tarehe nayo ina utata. Kibao kinafuata hesabu ya Stanley, 10 Novemba 1871, lakini shajara ya Livingstone inaweka mkutano mwishoni mwa Oktoba. Wote wawili walikuwa wameugua homa na kupoteza hesabu ya siku. Na yale maneno maarufu ya salamu, "Dk. Livingstone, bila shaka?", Stanley alichana ukurasa wa siku ile katika daftari lake. Mwongozaji anayeyaigiza kwa kuvua kofia anachekesha watoto wa shule, sina ugomvi naye, lakini asiyaapie.

Ninalotaka mgeni atoke nalo hapa ni watu wengine waliokuwepo. Susi, mtumishi wa Livingstone, ndiye aliyekimbia kumlaki Stanley kabla ya Livingstone kuonekana. Susi huyo huyo na mtumishi mwenzake Chuma, Livingstone alipofariki Mei 1873 katika nchi ambayo sasa ni Zambia, waliongoza kundi lililoukausha mwili na kuubeba hadi pwani.

Kosa la kawaida hapa ni kupitiliza muda. Ukitoka saa tano na nusu, mafundi wanajiandaa kupumzika na ufukweni utakuta vyombo bila watu.

Saa 4:50 asubuhi

Tunashuka ziwani. Kila kundi lina mtu anayeuliza: kama mkutano ulikuwa karibu na maji, mbona maji yako mbali hivi? Swali zuri, na jibu liko ng'ambo, Kongo. Maji ya ziwa yana njia moja tu ya kutokea, mto Lukuga. Cameron aliuona mwaka 1874 umezibwa na majani na tope, hivyo ziwa lilikuwa limejaa kupita kiasi. Kwenye mwaka 1878 kizuizi kilivunjika, maji yakaporomoka kuelekea mto Kongo, na kabla ya karne kwisha ziwa lilikuwa limeshuka kwa mita zinazokaribia 10. Pwani ya Ujiji ni tambarare, kwa hiyo maji yakishuka kidogo ukingo unarudi mbali. Miaka ya karibuni ziwa limepanda tena na kumeza baadhi ya njia za chini, basi ulizia njia siku hiyo hiyo.

Kwa mafundi wa mitumbwi tunakaa kuliko kwingine. Hakuna mashine inayolia: ni randa, tindo, keekee ya mkono na nyundo. Simama pale fundi anapokalafati, yaani anapoziba nyufa. Anasokota pamba iliyolowekwa mafuta, anaiweka kwenye ufa kati ya mbao mbili, kisha anaisukuma kwa tindo butu, vipigo vifupi vifupi, mpaka izame chini ya uso wa ubao. Ikibaki juu itang'oka. Akiishindilia mno kwenye ubao mkavu, ubao ukinywa maji utavimba na kujikunja au kung'oa misumari. Sikio la fundi linajua: mlio ukibadilika, anahama.

Kila fundi anayesimama kueleza namwekea elfu tano kutoka kwenye elfu sitini zangu. Wageni wasigawe pesa kwa watoto: watoto kumi wanakuwa arobaini, na kundi la kesho ndilo litakalolipia. Na miguu isiingie majini, hata maji yakiwa maangavu, kwani kichocho kipo.

Saa 6:15 mchana

Chakula kwa mama ntilie: ugali, mgebuka wa mawese, kisamvu. Agizeni kwa simu saa nne, kwa sababu mgebuka hupikwa kadiri ya watu, na kundi likitokea ghafla hubakiwa na maharage. Asiyezoea mawese aombe kidogo, ni mazito. Adhuhuri ikiadhiniwa, wanaoswali wanakwenda, wengine wanamalizia kahawa.

Saa 7:30 mchana

Daladala ya kurudi. Kundi likivunjika hapa kila mtu anajua njia, hakuna haja ya kuwashika mkono.

Saa 11:00 jioni

Hesabu: elfu sitini, toa kumi za mafundi wawili, nauli yangu, chakula changu na vocha. Kinachobaki ndiyo siku. Kisha ujumbe kwa kundi la kesho: "Kesho ni Ijumaa, tunaanza saa 1:30 stesheni. Viatu vya kufunika vidole, suruali au sketi ndefu, kitambulisho, pesa ndogondogo. Mko watano, kwa hiyo ni elfu kumi na mbili kila mmoja. Mkimpata wa sita, inashuka hadi kumi."