Siku moja maishani mwangu: nesi wa sentensi mbili

Saa kumi alfajiri

Ratiba ya leo iliingia kwenye barua pepe jana saa moja usiku, kama ilivyo ada. Kwenye kazi hii hujui kesho utaamka saa ngapi mpaka wenzako wameshakaa mezani wanakula chakula cha usiku. Ni kurasa mbili tu lakini kila kitu kimo: nani anafika saa ngapi, nani anatangulia mekapu, jua linachomoza lini, na hospitali ya kweli iliyo karibu ni ipi, endapo mtu ataumia. Hiyo ya mwisho hunichekesha. Tunarekodi tamthilia ya hospitali, jengo zima limejaa vitanda na dripu na watu wenye sare, na hakuna hata mmoja anayeweza kukufunga kidonda.

Kwenye orodha mimi ni Nesi Grace. Waandishi wa hapa Uingereza wakihitaji nesi kutoka Afrika humwita Grace, Blessing au Patience, basi. Nimeshakuwa wote watatu, na Patience nimemrudia.

Saa kumi na moja kasorobo

Barking, huku mashariki mwa London, bado giza, Novemba hii, na baridi inauma masikio. Napanda treni ya mapema ya Hammersmith & City mpaka King's Cross St Pancras, kisha Thameslink hadi Elstree & Borehamwood. Saa hizi behewa ni letu sisi: wafanya usafi, walinzi, manesi wa kweli wanaotoka zamu. Mmoja amelala mdomo wazi, kitambulisho bado kimening'inia shingoni. Namtazama viatu, namna alivyokaa, mkono ulivyolegea juu ya mkoba. Si umbea, ni kazi. Nesi aliyechoka hachoki usoni kwanza, anachoka mabegani.

Naisoma sehemu yangu. Nina sentensi mbili: "Presha inashuka, daktari," na, baadaye kidogo, "Familia yake iko nje." Za Kiingereza, bila shaka. Mtu atasema sentensi mbili unazisoma nini njia nzima? Nazisoma za wenzangu. Ukijua daktari anataka nini kwenye hiyo sehemu, utajua useme kwa haraka au kwa woga.

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi

Borehamwood ni mji mdogo ulioshiba studio. Kituo cha BBC Elstree kiko hapa, na ndani yake ndimo ulimojengwa ule uwanja wa Albert Square wa tamthilia ya EastEnders, unaoonekana kwenye runinga tangu Februari 19, 1985. Mimi siendi huko leo, naenda studio nyingine.

Getini kuna kijana wa kupokea watu, redio kiunoni, kikombe cha chai mkononi, tayari ameshaijua sura yangu. Hawa vijana ndio wanaoendesha siku nzima na ndio wanaolipwa kidogo kuliko wote. Nashauri kila mwigizaji mgeni ajue majina yao kabla ya jina la muongozaji.

Chai inaliwa ndani ya basi la ghorofa lililong'olewa viti vyake na kuwekwa meza. Mayai, maharage, uyoga, na foleni ndefu ya mafundi wa taa. Kisha kiti cha mekapu, ambako siku hizi wananipata vizuri. Miaka ya nyuma nilikuwa nikija na poda yangu mwenyewe kwenye mkoba, maana waliyokuwa nayo ilinifanya nionekane nimetoka kupiga lipu. Leo dada wa mekapu ana poda ya rangi yangu, na nywele amezisuka yeye mwenyewe bila kuuliza zifanywe nini.

Halafu sare. Mikono mifupi, hakuna pete ya kito, hakuna saa ya mkononi, kwa sababu manesi wa hapa hawaruhusiwi kuvaa kitu chini ya kiwiko kinachoweza kubeba vijidudu. Saa inabandikwa kifuani kwa pini, uso wake umegeuzwa juu chini. Ukiinamisha kichwa, ndipo mishale inakaa sawa. Mtazamaji haioni vizuri kwenye skrini. Lakini mimi nikiiangalia, kidevu kinashuka kwa namna fulani, na hapo Grace anaingia mwilini.

Saa mbili asubuhi

Mshauri wa tiba, nesi mstaafu, ananionyesha namna ya kubandika plasta juu ya sindano ya mshipani bila kuziba mahali pa kuangalia. Kila tamthilia ya hospitali inayojiheshimu ina mtu kama yeye. Casualty ya BBC, iliyoanza Septemba 6, 1986, ilikuwa na nesi wa kweli kutoka hospitali ya Bristol tangu siku za mwanzo, na inasemwa wazi kwamba mhusika Charlie Fairhead alichongwa kutokana na yeye.

Charlie huyo ndiye ninayemfikiria kila nikivaa sare. Aliigizwa na Derek Thompson, mtu wa Belfast, ambaye zamani alikuwa akiimba na dada yake pacha. Akaingia Casualty ilipoanza na hakutoka moja kwa moja mpaka Machi 2024. Miaka 37, nesi yule yule! Walirekodi Bristol, wakahamia Cardiff 2011, wahusika wakafa kwa moto, kwa ajali, kwa helikopta, yeye yupo, anasukuma kitanda. Watu humtaja William Roache wa Coronation Street, tamthilia nyingine ya hapa, na ni haki yake: yumo tangu kipindi cha kwanza kabisa, Desemba 9, 1960. Ila mimi namkubali zaidi Thompson. Kumfanya mtu mpole asichoshe kwa miaka yote hiyo ni kazi ngumu kuliko kumfanya mkorofi apendeze.

Saa tatu na nusu

Seti. Wodi yetu ni mbao nyembamba zilizopakwa rangi. Haina dari, juu ni taa tupu. Bomba halitoi maji. Lifti ina milango inayofunguka kwa mlio wa kweli, lakini nyuma yake amesimama kaka mmoja mnene anayeivuta kwa kamba.

Tunaanza na picha pana, ya kuonyesha chumba chote. Naingia na toroli, nachana plasta, nabandika, nasema presha inashuka, naondoka kando. Rahisi. Kazi inaanza baada ya hapo, kwa sababu kamera ikishachukua picha pana itasogea kwa daktari, kisha kwa mama wa mgonjwa, kisha kwangu, na kila mara lazima nichane plasta kwa mkono ule ule, kwenye neno lile lile, la sivyo vipande havitaungana. Kuna mama ameketi pembeni, ana skripti iliyojaa mistari ya rangi, na kazi yake ni kukumbuka. Anakuja, ananinong'oneza: "Mara ya kwanza ulibandika ukiwa kwenye 'shuka'. Hii umebandika ulipomaliza." Namshukuru. Watazamaji wanadhani uigizaji ni machozi. Machozi yanapatikana. Kutoa machozi yale yale, kwenye silabi ile ile, kutwa nzima, huku ukishika plasta kwa mkono wa kushoto, hapo ndipo wengi wanapoachia ngazi.

EastEnders na wenzake hawana anasa hii ya kurudia. Wanatumia kamera kadhaa kwa pamoja, ndiyo maana wanaweza kutoa vipindi vinne kwa wiki. Waliopita huko wanasema ni kama kuendesha daladala: ukikosea unasonga mbele.

Katikati ya picha ya daktari, kwenye kimya kile kizito kabla hajatoa habari mbaya, mgonjwa aliyezimia akakoroma. Kakoroma kweli, si mchezo. Maskini alikuwa amelala chali tangu asubuhi, ameviringishiwa blanketi, damu ya bandia ya sukari imemkaukia shingoni, joto la taa juu yake, nani asingesinzia? Muongozaji alicheka mpaka akavua miwani.

Zamu yangu ikafika mwisho kabisa, karibu na chakula cha mchana. Hapo ndipo unapomjua mwigizaji mkubwa ni mtu wa namna gani. Kamera ikiwa usoni mwangu, daktari wetu haonekani, anaweza kwenda zake kupumzika. Wapo wanaokwenda, ukabaki unakisemesha kipande cha utepe mwekundu kilichobandikwa kwenye stendi. Huyu wa leo alibaki. Alisimama kando ya lenzi, akanipa macho yake yote kama ndiyo kwanza tunaanza.

Saa saba mchana

Nampigia mama Tanga. Kule ni saa kumi jioni.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Umekula?"

"Nakula. Niko kazini."

"Hospitali?"

"Mama, si hospitali. Ni studio."

"Ndiyo hiyo hiyo. Ile picha uliyotuma nimemwonyesha mama Zuhura, kasema umependeza na unesi wako. Sasa nitaanza kumweleza nini? Halafu anauliza goti lake linauma, anywe dawa gani."

Nikamwambia amwambie aende kituo cha afya. Mama akaona huo ni ushauri mzuri wa kitaalamu.

Saa nane mpaka saa kumi na moja jioni

Kungoja. Nina chumba changu ndani ya trela, upana wa kitanda kimoja, mlangoni wamebandika karatasi yenye jina la Grace. Langu halipo, na hata hilo ninalofanyia kazi si la kuzaliwa. Chama cha waigizaji, Equity, kilichoundwa 1930, wakati najiunga hakikuruhusu wanachama wawili kutumia jina moja la kazi, na nilikuta langu lina mwenyewe. David Tennant, yule mwigizaji wa Doctor Who, yalimkuta hayo hayo: kazaliwa David McDonald, jina limeshachukuliwa, akaazima la Neil Tennant wa bendi ya Pet Shop Boys. Mimi niliazima la bibi yangu, na sidhani kama angependa kulisikia likitangazwa kwenye redio za upepo za studio.

Kwenye kungoja huku huwa namuwaza Rudolph Walker. Kama humjui, unamjua. Kumbuka Mr. Bean, kile kipindi cha kwanza kabisa cha 1990, Bean anaingia kwenye mtihani na kalamu zake zote na karagosi juu ya dawati. Yule msimamizi wa mtihani, mweusi, mkavu kama kuni, ndiye Walker. Tulikuwa tunacheka kwa Bean, lakini angalia tena: kichekesho kinasimama kwa sababu kuna mtu mmoja chumbani asiyeona lolote la kuchekesha.

Alizaliwa Trinidad 1939, akaanzia jukwaani kwenye kundi la Derek Walcott, yule mshairi aliyekuja kupata Nobel 1992. Akahamia Uingereza 1960. Mwaka 1972 akapewa nafasi kubwa kwenye Love Thy Neighbour, vichekesho vya jirani mzungu asiyetaka kuishi karibu na weusi. Matusi yaliyosemwa mle leo hayasikiliziki, na sitamlaumu mtu anayezima. Lakini Bill, mhusika wa Walker, hakuinamisha kichwa. Alirudisha, tena kwa ufasaha kuliko jirani yake. Wengi wa kizazi kile walipotea baada ya hapo, kazi hazikuja. Yeye aliendelea kuokota: askari, msimamizi wa mtihani. Mwaka 2001, ameshavuka miaka sitini, akaingia EastEnders kama Patrick Trueman, na hapo ndipo taifa zima likamchukua kama babu yake.

Vijana wakiniuliza nimeshafika wapi, nafanya hesabu kwa Walker. Kwa kipimo hicho bado niko asubuhi.

Kuna siku hesabu hiyo hainisaidii. Malipo ya kazi moja ya mwaka jana yalichelewa mpaka nikaomba zamu za ziada za ukalimani wa simu, ambao ndio unaonilipia kodi ya nyumba: namtafsiria mgonjwa wa Bukavu kwa daktari wa Sheffield nikiwa nimekaa jikoni kwangu. Pale presha ikishuka, imeshuka kweli.

Saa kumi na mbili jioni

"Familia yake iko nje." Mara nne, korido, taa ya bluu dirishani. Naingia kwenye lifti, kaka anavuta kamba, tunabanana nyuma ya mlango, sote tumeshikilia pumzi mpaka wakate.

Halafu msaidizi wa muongozaji akapaza sauti kwamba Nesi Grace amemaliza, na studio nzima ikapiga makofi. Wanafanya hivyo kwa kila anayemaliza, awe nyota au wa sentensi mbili. Nimeshazoea, na bado nashindwa pa kuweka mikono.

Nikarudisha saa ya kifuani. Dada wa mavazi alihesabu pini.

Saa tatu usiku

Treni, wali wa jana, na ujumbe wa wakala wangu: kuna usaili, nijirekodi kwa simu, video ifike kesho kabla ya saa sita mchana. Tamthilia ya polisi. Nikauliza, nesi tena? Akajibu: hapana, safari hii ni mama wa nesi.

Nina miaka arobaini na minne! Nikamwamsha mwanangu aje asome upande wa pili. Tukapanga vitabu mezani simu isimame, tukafungua taa ya jikoni, tukazima friji isivume. Anasoma maneno ya nesi kwa sauti ya mtu anayesoma bili ya umeme.

"Soma kama unanipenda kidogo," nikamwambia.

"Mama, imeandikwa hapa tumegombana."

Nikaangalia skripti. Kweli, wamegombana. Tukaanza upya.